Je, wajua kwa nini Bob Marley alipiga muziki mara mbili katika sherehe za uhuru wa Zimbabwe?

Usiku wa tarehe 17 Aprili 1980, Bob Marley na bendi yake ya The Wailers walikuwa katika Uwanja wa Rufaro, jijini Salisbury, wakisubiri pamoja na Mwanamfalme Charles wa Uingereza na Indira Gandhi wa India saa ambayo Rhodesia ingekoma na Zimbabwe izaliwe. Marley aliitika mwaliko wa kupiga muziki hapo kwa moyo wote, hata akagharimia mwenyewe usafirishaji wa vyombo vyake, kwa kuwa wimbo wake “Zimbabwe” ulikuwa umetoka mwaka 1979, vita vya ukombozi vikiwa bado vinapiganwa, na wapiganaji walikuwa wameshaupenda.

Lakini sherehe ile iliandaliwa kwa ajili ya waalikwa. Nje ya malango ulibaki umati wa wananchi, wakiwemo watu walioitolea jasho na damu nchi hiyo, na waliposikia muziki umeanza walisukumana ili waingie. Polisi wakawarushia mabomu ya machozi. Moshi ukavuka kuta ukafika hadi jukwaani, na onyesho likakatizwa.

Inakuwaje polisi wawafanyie hivyo raia katika usiku wa uhuru wao? Jibu, kwa maoni yangu, ndilo kiini cha kisa chote: mkataba wa Lancaster House, uliotiwa saini Desemba 1979, ulisimamisha vita na kuleta uchaguzi, lakini haukuvunja vyombo vya dola, kwa hiyo walinzi wa uwanja ule walikuwa jeshi lilelile la polisi lililoitumikia serikali ya Wazungu wachache ya Ian Smith, likiwa na mafunzo yaleyale ya kukabiliana na Waafrika waliokusanyika. Hata jina lake la kikoloni lilibadilishwa baadaye, mwaka huohuo wa 1980.

Hali ilipotulia Marley alirudi jukwaani usiku uleule, kisha siku iliyofuata akapiga tena, bila kiingilio, mbele ya maelfu kwa maelfu ya wananchi, wakiwemo wale waliozuiwa malangoni. Alifariki dunia tarehe 11 Mei 1981. Mwaka uliofuata, tarehe 18 Aprili, Salisbury ikaitwa Harare, jina ambalo hapo awali lilikuwa la kitongoji cha Waafrika kinachouzunguka Uwanja wa Rufaro, ambacho leo kinaitwa Mbare.