Mbawa za nondo ndani ya projekta

Wanaoniuliza kuhusu filamu za majaribio karibu wote huanzia kwenye kamera: ipi bora, lenzi gani. Mimi huwaelekeza kwenye Mothlight ya mwaka 1963, kazi ya Mmarekani Stan Brakhage, ambayo haikupita ndani ya kamera yoyote.

Wakati ule Brakhage hakuwa na pesa ya kununua filamu mbichi, yaani mkanda ambao bado haujapigwa picha, na nondo waliokuwa wakijiunguza kwenye taa walimtia uchungu. Akaokota mbawa zao, akachuma petali na nyasi, akavipanga juu ya utepe angavu wa gundi wenye upana wa milimita 16 na matundu pembeni, kisha akafunika kwa utepe mwingine kama huo. Hiyo ndiyo filamu nzima, haifiki dakika 4.

Kazi yangu ni kutengeneza na kuonyesha mikanda ya milimita 16, kwa hiyo mimi hunogewa na vipimo vyake. Katika mkanda huo, fremu (picha moja moja) hadi nyingine ni milimita 7.6 hivi. Projekta hupitisha fremu 24 kwa sekunde, yaani sentimita 18 na kidogo. Laza ubawa wa sentimita 2 kwa urefu wake: umechukua zaidi ya fremu mbili na nusu, na hakuna mstari wowote unaoonyesha fremu inaishia wapi. Anayeamua ni projekta. Kijino chake huingia kwenye tundu, huvuta mkanda hatua moja na kuuachia utulie. Mkanda unaposogea, kibao kinachozunguka huziba mwanga. Hapo ubawa hukatwa vipande. Kinapita cha kwanza, cha pili, cha tatu, na katika sehemu kama ya nane ya sekunde wote umekwisha. Jicho huviunganisha vile vipande, na mdudu aliyekwisha kufa anapiga mbawa tena. Kwangu mimi, hakuna filamu inayofundisha sinema ni nini vizuri kuliko hii.

Mkanda wenyewe wa mbawa ni mnene na dhaifu, haustahimili projekta. Maabara iliulaza juu ya filamu mbichi na kupitisha mwanga ili kupata nakala ya kuonyeshwa, ndiyo maana katika nakala kila ubawa una ukubwa wake halisi. Ukiishika mbele ya taa, mishipa inahesabika.

Kwenye simu utapoteza mengi. Programu za video hupunguza uzito wa faili kwa kutegemea kwamba fremu inafanana na iliyotangulia, na hapa karibu hakuna zinazofanana. Mishipa ile hugeuka vimraba vya ukungu. Tafuta onyesho la mkanda, au angalau diski nzuri. Na usiiwekee muziki. Brakhage aliitengeneza bila sauti, na muziki ukiingia, jicho huanza kufuata mapigo ya ngoma badala ya mapigo ya projekta.