Je, wajua? Kwa nini ombi la kikatiba halifungwi kwa kauli ya mwombaji peke yake

Mtu aliyefungua ombi katika Mahakama Kuu ya Kenya akidai kwamba haki yake ya kikatiba imevunjwa, kisha akatimiziwa alichokuwa akikidai kabla ya hukumu, hudhani kwamba kilichobaki ni kumwarifu karani na kwenda zake nyumbani. Sivyo. Kanuni za mwaka 2013 zinazosimamia maombi ya aina hiyo, ambazo mawakili huziita Kanuni za Mutunga kwa jina la Jaji Mkuu aliyezitoa, zinaeleza katika kanuni ya 27 kwamba mwombaji anaweza kuomba kuliondoa shauri lake baada ya kuiarifu mahakama na mlalamikiwa, lakini mwamuzi ni mahakama, ikishazisikiliza pande zote. Zaidi ya hayo, jaji anaweza, kwa sababu atakazoziandika, kuendelea kulisikiliza ombi ambalo mwenyewe amekwisha kulichoka.

Chimbuko la ukali huo ni Ibara ya 22 ya Katiba ya 2010, inayomruhusu mtu kushtaki kwa niaba ya asiyeweza kujitetea, kwa niaba ya kundi, au kwa maslahi ya umma. Tuseme mkazi mmoja ameshtaki kwa kuwa mtaa mzima umekatiwa maji bila ilani, na katikati ya kesi akarudishiwa maji yeye peke yake: lalamiko lake limekwisha, ila mfereji wa jirani yake bado mkavu, na jirani huyo huenda hakufungua kesi yake kwa kuwa alitegemea ile iliyokwisha kufunguliwa.

Katika maombi ya kupinga uchaguzi wa wabunge na magavana, tahadhari huzidi. Anayetaka kujiondoa huhitaji idhini ya mahakama, na wahusika hula kiapo kwa maandishi kwamba hapakuwa na mapatano ya siri kuhusu kujiondoa huko. Tena mtu mwingine mwenye sifa anaweza kuomba kushika nafasi yake. Shaka ya sheria hapa, kwa maoni yangu ni shaka ya haki, ni kwamba kimya cha mlalamishi kinaweza kununuliwa.

Mwombaji aliyeridhika kweli ana njia mbili, na wengi huzichanganya. Ya kwanza ni kuliondoa ombi. Ya pili ni pande zote kuyaandika makubaliano yao na kuyawasilisha mahakamani, ili kwa idhini ya jaji yawekwe kwenye kumbukumbu kama uamuzi wa shauri. Mlalamikiwa akigeuka baadaye, mwenye makubaliano yaliyorekodiwa hurudi kudai amri itekelezwe, ilhali aliyeondoa ombi kwa kuamini ahadi ya mdomo huenda akalazimika kuanza upya. Suala la gharama nalo litajwe humo humo, kwa maana wasipokubaliana, jaji ndiye atakayeamua nani amlipe nani.