Borobudur kwa siku moja: mlipe mwenye maneno kabla ya mwenye gari

Kazi yangu ni kutembeza wageni Mji Mkongwe, Unguja. Mwaka wa kumi na sita huu nasimama mbele ya milango ileile ya nakshi, nikisema yaleyale kwa watu tofauti. Ndiyo maana nikienda nchi ya watu nikakodi mtu wa kunitembeza, siwezi kumsikiliza kitalii. Namtazama kama seremala anavyomtazama seremala mwenzake akishika randa: anaanzia wapi, ananyamaza wapi, anaruka nini.

Borobudur, hekalu la kale la Kibuddha, iko Java ya Kati, Indonesia, kama kilomita 40 kutoka mji wa Yogyakarta. Watu wengi huenda na kurudi siku hiyohiyo, na wengi hununua kinachoitwa ziara ya binafsi. Mimi nilikwenda mara mbili katika wiki moja, kwa sababu mara ya kwanza niliuziwa mbuzi kwenye gunia.

Kwanza tuelewane jengo lenyewe ni la namna gani. Ukisikia hekalu unafikiria mlango, ukumbi, mahali pa kukaa. Borobudur haina ndani. Ni kilima cha udongo kilichovishwa mawe meusi ya volkano, kikapandishwa ngazi kwa ngazi: majukwaa sita ya mraba, juu yake matatu ya duara, na kileleni stupa (kuba la mawe la Kibuddha, kama kengele) moja kubwa iliyofungwa pande zote. Kitako chake kina mita kama 118 kila upande. Mawe yamekatwa yakashikana yenyewe kwa yenyewe, bila chokaa. Lilijengwa zama za watawala wa ukoo wa Sailendra, kazi iliyoanza karne ya 8 na kuingia ya 9. Kuta za korido zake zimechongwa picha, michongo 2,672 kwa jumla, na ukitaka kuisoma yote kwa mpangilio wake, kuanzia ngazi za mashariki huku ukuta wa ndani ukiwa kuliani kwako, unatakiwa kuzunguka mara kumi. Korido ya kwanza peke yake ina mistari minne ya hadithi, miwili kila ukuta, kwa hiyo unaizunguka mara nne.

Sasa tia hesabu nyingine. Tiketi ya kupanda juu inakupa muda wa saa moja hivi. Hakuna binadamu atakayezunguka mara kumi kwa saa moja huku anasoma. Lazima mtu achague. Kuchagua huko ndiko unakomlipia mwongozaji, na ukikosa mtu wa kukuchagulia utafanya wanachofanya wengi: utapanda ngazi moja kwa moja hadi juu, upige picha na stupa, ushuke, useme umeiona.

Nilivyouziwa ni hivi. Tangazo lilisema ziara ya binafsi, gari na mwongozaji. Kabla ya alfajiri akaja kijana mpole, gari safi, anaendesha kwa adabu. Tulipofika maegesho akazima injini, akalaza kiti chake nyuma, akasema, "Nakusubiri hapa." Nikamwuliza, mwongozaji yuko wapi? Akaonyesha kwa kidole getini. Kumbe mwongozaji ni yule wa palepale, ambaye kila mwenye tiketi ya kupanda anapewa, na anachukua kundi zima la watu. Mtu mwenyewe alikuwa mjuzi, sina ugomvi naye. Lakini watu kumi na tano, nusu yao wamempa mgongo wanajipiga picha, atamwambia nani nini?

Kwa hiyo kabla hujatuma pesa, uliza mambo mawili. La kwanza: anayenichukua hotelini ataingia na mimi ndani, au anabaki na gari? Dereva ni dereva. Hata awe na maneno mazuri njiani, bila leseni ya kuongoza wageni kazi yake inaishia getini. La pili ndilo mtihani wangu mwenyewe: mwulize kwa ujumbe atakuonyesha michongo gani. Akijibu "yote", tafuta mwingine. Niliyempata mara ya pili alijibu kwa swali: "Wewe unatoka wapi, na unafanya kazi gani?" Nikajua huyu ni wa kazi.

Tumwite Pak, maana huko kila mwanamume wa makamo huitwa Pak, kama sisi tunavyosema mzee au bwana. Alikuja mapema, lakini hakunipeleka Punthuk Setumbu, kilima ambacho watalii hupanda gizani kuona jua likichomoza. Mimi nilishakipanda ile siku ya kwanza. Ukungu unapendeza, nakubali, na mlima wa volkano wa Merapi unatokeza kama umechorwa. Ila Borobudur yenyewe kutoka kule ni doa dogo katikati ya miti, na ikifika saa tano asubuhi usingizi umekushika mbele ya mawe uliyoyavukia bahari. Ukiniuliza, lala.

Tulianza Mendut, hekalu dogo kilomita tatu hivi upande wa mashariki. Mendut, hekalu jingine liitwalo Pawon, na Borobudur zimekaa karibu mstari mmoja, na siku ya Waisak, sikukuu ya kumkumbuka Buddha, mwezi ukiwa mpevu, kwa kawaida mwezi wa Mei, Wabuddha huandamana kwa miguu kutoka Mendut hadi Borobudur. Mendut ina chumba, na chumbani amekaa Buddha wa jiwe wa kimo cha mita kama tatu, miguu ameiteremsha chini kama mtu aliyeketi kitini. Pak hakusema neno dakika nzima. Kisha akasema, "Mtazame huyu vizuri. Kule mbele utawaona wadogo mamia, na wote wamekunja miguu." Sentensi moja, na tayari nina kitu cha kutafuta. Mimi ningehutubia robo saa.

Getini unavua viatu unavaa makubazi ya kusuka yanayoitwa upanat, yametengenezwa kwa majani ya mti wa jamaa moja na mkadi wetu. Watu hununa, hasa waliovaa viatu vya bei. Lakini tazama ngazi: jiwe limelika katikati kama kinoo. Kupanda kulisimamishwa wakati wa korona, na kuliporudishwa mwaka 2023 kikawekwa kikomo cha watu 1,200 kwa siku, na sharti la makubazi hayo. Nilipokwenda mimi, mgeni wa kigeni alilipa rupia 455,000 kupanda, na kubaki chini uwanjani ni nafuu. Nafasi hujaa, ratiba hubadilika; kata tiketi mapema, au mwachie mwongozaji wako akukatie.

Kabla ya kupanda, Pak alinizungusha hadi pembe ya kusini-mashariki. Hapo mawe ya kitako yameachwa wazi, na nyuma yake kuna ukuta mwingine. Mwaka 1885 Mholanzi aliyeitwa Yzerman aligundua kuwa kitako kinachoonekana ni koti: ndani yake kuna kitako cha awali chenye michongo 160 inayoonyesha matendo ya watu na malipo yake. Yote ilipigwa picha na Kassian Cephas, mpiga picha Mjava, kisha ikafunikwa tena. Kwa nini waliifunika toka mwanzo? Wengi husema jengo lilianza kuteleza kwa uzito, likahitaji kuegemezwa. Nilichokipenda mimi ni kwamba juu ya baadhi ya michongo yameachwa maneno mafupi kwa herufi za Kijava cha kale, yanayoaminika kuwa maagizo kwa wachongaji. Moja ni "wirupa", yaani sura mbaya. Fundi ameambiwa achonge watu wenye sura mbaya, na akawachonga kweli, mmojawapo na shavu kama amebanwa na mlango.

Korido ya kwanza tulitembea polepole. Mstari wa juu wa ukuta wa ndani una michongo 120 inayosimulia maisha ya Buddha, tangu akiwa bado mbinguni hadi mahubiri yake ya kwanza. Pak alisimama mara sita tu. Alinionyesha ndoto ya Malkia Maya, mama wa Buddha, tembo akimshukia amelala, akaniachia nihesabu mwenyewe wajakazi walio karibu naye. Maji ndiyo adui wa kuta hizi: mvua inaingia kwenye kilima, inatokea kwenye mawe ikiacha chumvi na kuvu. Ukarabati mkubwa wa Indonesia na UNESCO, uliokamilika miaka ya mwanzo ya 80, ulifungua majukwaa ya mraba jiwe kwa jiwe, zaidi ya milioni moja, wakayapa namba, wakaweka mifereji ndani, wakayarudisha. Ndiyo maana hapa na pale utaona jiwe jipya tupu katikati ya sura ya mtu. Kichwa halisi kilipopotea, hawakubuni kingine.

Upande wa kaskazini, mstari wa chini, akasimama akakaa kimya tena. Mbele yangu palikuwa na chombo cha bahari. Hadithi yake ni ya mji uliofukiwa kwa mchanga kwa dhuluma ya mfalme wake, na waziri mwema aitwaye Hiru akaokoka kwa merikebu. Lakini mimi mchanga niliusahau. Matanga mawili ya mshazari, mabaharia wanapanda kamba, omo, mbele ya chombo, limenyanyuka, na ubavuni, wazi kabisa, mrengu, ule mti wa pembeni unaozuia chombo kisipinduke. Nimekulia Kizimkazi, ngalawa ndiyo iliyonilea. Wataalamu wa bahari wengi wanaona kuwa mrengu wa ngalawa yetu ulikuja na watu wa visiwa hivi, haohao ambao lugha yao iko Madagaska hadi leo, jamaa na lugha za Borneo. Hayo nimeyasema kwa wageni miaka kumi na sita. Sikuwahi kuyaona jiweni.

Juu kabisa sitakaa sana, picha zake umeshaziona. Stupa ndogo 72 zenye matundu zimepangwa duara tatu, 32, 24 na 16, kila moja na Buddha ndani. Matundu ya duara mbili za chini yamekatwa mshazari, ya duara ya juu ni mraba. Usipenyeze mkono. Zamani watu walijinyoosha kumgusa mmoja wao wakitaka bahati. Sasa ukijaribu utapigiwa filimbi. Tisa kati ya stupa hizi ziliharibiwa na mabomu mwaka 1985, na mwaka 2010 Merapi ikazimwagia majivu zote. Zimesimama.

Wapo watakaoniuliza, kama shemeji yangu alivyoniuliza, Mwislamu unafuata nini kwenye masanamu? Pak pia ni Mwislamu, kama watu wengi wa kijiji kile. Adhuhuri tulisali pamoja kwenye chumba cha kusalia cha palepale. Njiani tulikuwa tukicheza na maneno: wao husema waktu, kabar, dunia, sabun, na bendera ni bendera.

Mwisho akanipeleka makumbusho ya Samudra Raksa, kwenye uwanja huohuo. Humo imehifadhiwa merikebu iliyoundwa kwa mfano wa ile ya jiweni, ikaondoka Jakarta Agosti 2003, ikapita Madagaska na Cape Town, ikafika Accra mwanzoni mwa 2004. Mbao zimeungwa kwa vigingi vya mti. Nikamtolea Pak simu, nikamwonyesha picha ya ngalawa ya mjomba wangu ufukweni. Akaikuza kwa vidole viwili hadi kwenye yale mafundo ya kamba, akaitazama, akatazama merikebu, akairudia picha.

"Sisi tunaita cadik," akasema. "Nyinyi?"

"Mrengu."

Akaniomba nirudie. Kisha akatoa kalamu, akaliandika nyuma ya tiketi yake.