Motisha si bahasha: dhana potofu na ukweli

Dhana: Ukiongeza pesa, kazi itakuwa bora.

Siku hizi ukitaja motisha, watu wanafikiria posho. Kweli pesa inasukuma, lakini inasukuma kile unachokihesabu tu. Tazama kalafati, yaani kuziba nafasi kati ya mbao za mashua, kule Bagamoyo, ufukweni panapoundwa mashua. Pamba iliyolowekwa mafuta husokotwa, kisha hushindiliwa kwa patasi na nyundo kati ya ubao na ubao. Mlipe kijana kwa urefu aliomaliza kwa siku, na urefu atakupa. Pamba itakaa juu juu, kwa macho hutaijua, mpaka mashua ishushwe na mabaharia waanze kufua maji.

Afadhali ujira wa siku, na sehemu ya malipo isubiri. Mashua mpya huvuja kidogo mpaka mbao zivimbe, kwa hiyo kagua baada ya wiki moja majini, si jioni ile ile.

Dhana: Kuna wenye ari na wavivu, basi.

Ari ina aina. Mmoja anafanya kazi kwa kuogopa kufukuzwa, mwingine kwa kuona aibu, mwingine ameona faida yake, mwingine anaipenda yenyewe. Wa kwanza huacha ukigeuka. Wanasaikolojia Edward Deci na Richard Ryan wametaja mambo matatu yanayolisha ari ya ndani: kuwa na uamuzi, kujiona unaweza, na kuwa na watu wanaokujali. Mwanagenzi anayeshikishwa ubao miezi sita bila kupiga msumari hata mmoja hapati la kwanza wala la pili, halafu anaitwa mvivu.

Dhana: Zawadi haimdhuru mtoto.

Inategemea. Katika utafiti wa Marekani uliochapishwa mwaka 1973, wanasaikolojia Lepper, Greene na Nisbett walichukua watoto wa chekechea waliopenda kuchora. Baadhi waliahidiwa cheti wakichora, wengine walipewa bila kuahidiwa, wengine hawakupewa kitu. Wiki moja au mbili baadaye, walioahidiwa walichora kwa takriban nusu ya muda wa wenzao. Kilichoharibu ni ahadi. Waliopewa cheti kile kile kwa kushtukizwa hawakupungukiwa na hamu.

Basi mtoto anayepiga ngoma kila jioni kwa raha zake, usimwambie "piga nikupe mia tano". Kwa kupara samaki au kuteka maji, ahidi ukitaka: hapo hakuna hamu ya kupotea.

Dhana: Faini humkomesha mchelewaji.

Hii ndiyo ngumu kuwatoa watu. Katika utafiti wa Gneezy na Rustichini uliochapishwa mwaka 2000, vituo 6 kati ya 10 vya kulea watoto mjini Haifa, Israel, viliweka faini ya shekeli 10 kwa mzazi aliyechelewa zaidi ya dakika 10. Uchelewaji ukakaribia mara mbili. Mwanzo mzazi alimwonea haya mwalimu. Sasa ananunua muda wake. Faini ilipofutwa, uchelewaji haukushuka.

Kikundi cha kuweka na kukopa kinachotoza shilingi 500 kwa mchelewaji kinauza ruhusa kwa bei ya chee. Anzeni kikao saa ile ile hata mkiwa watano, na mchelewaji aeleze sababu yake mbele ya wenzake kabla hajakaa.