Kumkana mtoto gazetini hakumwondoi kwenye mirathi

Kila tunapofungua meza za msaada wa kisheria, wapo wazee wanaokuja na kipande cha gazeti au barua yenye muhuri wa mwenyekiti wa mtaa: "Kuanzia leo huyu si mwanangu." Kwenye mirathi karatasi hiyo haina kazi.

Hapa Tanzania, sheria za kimila zilizotangazwa mwaka 1963 (Tangazo la Serikali Na. 436) zinamruhusu baba kumnyima mtoto urithi, ila kwa wosia tu na kwa sababu zilizotajwa: amezini na mke wa baba yake, amejaribu kumuua, amemshambulia au amemdhuru vibaya baba au mama, au, bila sababu ya haki, hakumtunza mzazi katika shida ya njaa au ugonjwa. Kuoa asiyetakiwa hakumo. Kutopokea simu hakumo. Tumelisema hili hadi tumechoka.

Sababu iandikwe waziwazi ndani ya wosia. Kisha mtoto aelezwe tuhuma na apewe nafasi ya kujitetea mbele ya baba mwenyewe au baraza la ukoo. Hapa ndipo wengi wanapokwama, kwa kuwa baba na kijana hawakai tena chumba kimoja. Itisheni kikao hata kwa kupitia mjomba au shangazi, andikeni muhtasari, waliohudhuria wasaini. Wosia uliofichwa sandukuni hadi siku ya matanga humpa kijana hoja nyepesi mahakamani: hakuwahi kuulizwa lolote.

Maandishi yawe ya wino au ya kupigwa chapa, yenye tarehe na saini. Baba anayejua kusoma na kuandika awe na mashahidi wasiopungua wawili, mmoja wa ukoo na mmoja mtu baki. Asiyejua, wanne, wawili kwa wawili. Mke aliyepo nyumbani ashuhudie pia, mbali na hao. Msimweke mrithi kuwa shahidi. Na kaka mtu anayechomeka mstari baada ya mzee kufariki ajue kwamba kughushi wosia adhabu yake hufika kifungo cha maisha.

Kwa wanaofuata sheria ya Kiislamu, wosia hauvuki theluthi ya mali, na hasira ya baba haimtoi mtoto kwenye fungu lake.

Mkipatana, andikeni wosia mpya. "Nimemsamehe" ya mdomoni haifuti wosia wa maandishi, hata ikisemwa mbele ya ukoo mzima. Ule wa zamani ukachukuliwe ulikohifadhiwa, iwe RITA (Wakala wa Usajili, Ufilisi na Udhamini), benki au kwa wakili.