Je, wajua antena zisizozunguka zinavyotambua redio inaita kutoka upande gani?

Mvuvi wa dagaa amezimikiwa injini usiku kwenye Ziwa Victoria, kati ya Mwanza na kisiwa cha Ukerewe. Anayo redio ya mkononi ya majini, anabonyeza kitufe na kuomba msaada kwenye chaneli 16. Sauti inafika ufukweni vizuri, ila mwenyewe hawezi kusema alipo, maana kuna giza, upepo umemsukuma na hana kifaa cha kuonyesha mahali. Je, walio nchi kavu wanaweza kujua yuko upande gani kwa kuisikia sauti hiyo tu? Wanaweza, na antena zao hazihitaji kugeuka hata kidogo.

Wengi hudhani kinachopimwa ni nguvu ya mawimbi: yakisikika sana, basi chanzo kiko huko. Nguvu hudanganya. Redio yenye betri iliyochoka iliyo karibu na redio kubwa iliyo mbali zinaweza kufika zikiwa sawa kabisa. Ipo antena ya kuzungushwa mpaka ipate upande wenye sauti kali, nayo hufanya kazi, lakini mtu aliye hatarini anaweza kusema maneno matatu akanyamaza kabla haijamaliza mzunguko. Kundi la antena zilizosimama hupima kitu kingine: nani kaguswa na wimbi kwanza.

Simama kwenye gati utazame mawimbi ya ziwa yakipiga nguzo mbili. Likija wimbi moja kwa moja, nguzo zote mbili zinaloa pamoja. Likija mshazari, moja inaloa kabla ya nyingine. Ukijua umbali kati ya nguzo na ukubwa wa huko kuchelewa, unajua wimbi limetoka wapi hata kama hukuliona likianza.

Ugumu wa redio ni kwamba wimbi lake linakwenda takriban kilomita 300,000 kwa sekunde. Chaneli 16 iko kwenye megahezi 156.8, ambako wimbi moja lina urefu wa kama mita 1.91. Tuweke antena mbili zikiwa zimeachana nusu ya urefu huo, yaani sentimita 95 hivi. Boti ikiwa nyuzi 30 pembeni ya mbele ya antena hizo, wimbi litasafiri sentimita 48 zaidi kufikia antena ya pili. Huko ni kuchelewa kwa sekunde 1.6 tu ukizigawa kwa bilioni. Hakuna haja ya saa ya kupima muda huo. Vipokezi vya antena hizo, vinavyoongozwa na mapigo ya saa ileile, hulinganisha mahali wimbi lilipofika katika kupanda na kushuka kwake: antena moja inapokuwa kileleni, nyingine iko robo ya wimbi nyuma. Robo hiyo, kwa nafasi hiyo ya antena, maana yake ni nyuzi 30.

Mbona zisiachanishwe zaidi? Zikizidi nusu ya wimbi, pembe mbili tofauti huanza kutoa jibu moja, na kompyuta haijui ichague ipi. Hata hivyo, nafasi pana hutoa kipimo makini zaidi, ndiyo maana mafundi huchanganya nafasi fupi na ndefu. Tena antena mbili peke yake haziwezi kutofautisha mbele na nyuma, ziwani na mjini. Kwa hiyo hupangwa kwa duara, mara nyingi tano au tisa.

Uangalifu unaotakiwa ni mkubwa. Waya wa kawaida wa antena ukizidi mwenzake kwa sentimita 10 tu, mwelekeo unaweza kupotoka kwa nyuzi kama 9 kwenye mfano wetu. Kila mfumo hupimwa na kurekebishwa kabla ya kuaminiwa.

Kazi hii ina asili inayolihusu ziwa letu. Mwaka 1926 Waingereza Robert Watson-Watt na J. F. Herd walieleza kifaa cha kuonyesha papo hapo mwelekeo wa mawimbi ya redio yanayotolewa na radi. Lengo lilikuwa kufuatilia dhoruba. Ni katika Vita Kuu ya Pili ndipo njia hiyo ilipotumika sana kusaka nyambizi za Ujerumani zilipokuwa zikituma ujumbe mfupi. Kwetu, ambako dhoruba za usiku huua wavuvi, matumizi yale ya kwanza yana uzito hadi leo.

Sasa tuje kwenye miamba, na hapa ndipo Mwanza inapoitesa hesabu. Mawimbi ya boti hayafiki kwa njia moja. Mengine hugonga mawe ya vilimani, mapaa ya bati au ubavu wa chuma wa meli, kisha hurudi kwenye antena kutoka upande mwingine. Antena mbili hujumlisha yote na kutoa mwelekeo ambako hakuna mtu.

Kompyuta husaidia kwa kulinganisha kila antena na kila mwenzake. Antena tano hutoa jozi kumi. Njia iitwayo MUSIC, ya mhandisi Ralph Schmidt, iliyochapishwa kwenye jarida la wahandisi mwaka 1986, hutenganisha mawimbi kadhaa yanayofika pamoja, alimradi idadi yake iwe pungufu ya idadi ya antena. Lakini mwangwi ni nakala ya wimbi lenyewe, na nakala huivuruga njia hii. Dawa mojawapo ni kugawa antena zilizo kwenye mstari katika vikundi vinavyoingiliana na kuchukua wastani wake. Mimi ningeanza na dawa rahisi zaidi: kuchagua mahali pa wazi, juu, mbali na mabati. Antena iliyo mita 100 juu ya maji husikia boti yenye antena iliyo mita 4 juu ya maji hadi umbali wa kilomita 49 hivi.

Kituo kimoja hutoa mstari tu, si mahali. Kituo cha pili hutoa mstari wa kuukata ule wa kwanza. Kosa la nyuzi 2 kwa kilomita 40 ni kama kilomita 1.4 majini, eneo ambalo boti ya uokoaji inaweza kulizunguka. Ila ukiweka vituo Mwanza na Nansio, mji wa Ukerewe, pekee, boti iliyo kwenye njia ya moja kwa moja kati yake itakuwa na mistari miwili inayolaliana, isiyokatana popote. Na hiyo ndiyo njia yenye vyombo vingi. Kituo cha tatu kinatakiwa kiwe pembeni, mfano mwambao wa Magu kwenye Ghuba ya Speke, kiikate njia hiyo kutoka mashariki.