Bastola ya shabaha ya .22 kwenye upepo wa chumvi: yanayosemwa na ukweli wake

"Hiyo ni ya kuchezea, risasi yake haina nguvu."

Kichwa cha risasi ya .22 Long Rifle kina upana wa milimita 5.6 na uzito wa gramu 2.6 hivi. Bastola haikurushi mkono, mlio wake ni mdogo, na hapo ndipo watu wanapojisahau. Maboksi ya risasi hizi huonya kuwa kichwa kinaweza kwenda maili 1.5, yaani kilomita 2.4. Ukipiga kuelekea baharini pale Mikindani ukidhani maji yatakimeza, kinaweza kudunda juu ya maji kama jiwe bapa na kumkuta mvuvi kwenye ngalawa yake. Shamba la mikorosho nalo halizuii kitu. Nyuma ya shabaha panatakiwa tuta nene la udongo laini usio na mawe.

Ama kuhusu kuchezea: kwenye mashindano ya Olimpiki ya mita 25 kwa wanawake, yaliyoanza 1984, mviringo wa alama 10 katika raundi ya usahihi una kipenyo cha milimita 50 tu. Hakuna anayeupata kwa mchezo.

"Ukishatoa magazini, bastola ni tupu."

Si kweli, na kosa hili limeua watu. Magazini (kikasha cha risasi) ikitoka, risasi moja inaweza kuwa imebaki kwenye chemba, yaani mahali inapokaa risasi inayosubiri kufyatuliwa. Toa magazini kwanza, vuta nyuma slaidi (chuma cha juu kinachokwenda na kurudi), angalia chemba kwa macho, kisha ipapase kwa kidole. Ukianza kwa slaidi magazini ikiwa bado ndani, unatoa risasi moja na kuingiza nyingine.

"Mtutu mrefu ndio unaoipeleka risasi sawa."

Anayenufaika na urefu ni jicho. Nafasi kati ya kilengeo cha mbele na cha nyuma ikiwa sentimita 15, kilengeo kikipotoka milimita moja, tundu kwenye shabaha ya mita 25 linahama sentimita 16.7. Nafasi hiyo ikiwa sentimita 22, kosa lilelile linahamisha tundu sentimita 11.4. Ukiifunga bastola kwenye mashine isiyolenga kwa jicho, mtutu mfupi uliotengenezwa vizuri unaweza kukusanya matundu yake vizuri kama ule mrefu.

"Kufyatua bila risasi hakudhuru kitu."

Kwa bastola nyingi za kisasa za risasi kubwa ni kweli kwa kiasi. Kwa .22 za zamani, hapana. Baruti ya kuwashia ya risasi hii haikai katikati ya kitako, imesambazwa ndani ya ukingo wa ganda, kwa hiyo pini ya kufyatulia inagonga pembeni. Ganda lisipokuwepo, pini ya bastola kama Colt Woodsman, ya .22 ya zamani kutoka Marekani, inaweza kugonga chuma cha mdomo wa chemba na kukibonyeza. Baada ya hapo maganda yanakwama na mwenye bastola analaumu risasi. Fundi wa silaha anaweza kukirudisha chuma kile mahali pake kwa kifaa maalumu. Usijaribu kwa tupa. Kwa mazoezi weka ganda lililokwisha tumika, na ulizungushe kidogo kila baada ya kufyatua ili pini ikute ukingo mzima.

Muundo huohuo ndio unaofanya risasi nyingine igome: baruti haikufika pale pini ilipogonga. Elekeza mtutu kwenye tuta, hesabu sekunde 30, ndipo uitoe.

"Risasi ya kasi zaidi ni bora zaidi."

Woodsman, iliyobuniwa na John Browning, ilianza kuuzwa 1915 na ikaendelea hadi 1977. Slaidi yake haijifungi wakati wa kupiga. Inazuiwa na uzito wake pamoja na springi tu. Ukitia risasi yenye kasi kuliko ile iliyokusudiwa, slaidi inarudi nyuma kwa kishindo na kugonga chuma. Zilizotengenezwa kabla ya 1932 zilikusudiwa risasi za kasi ya kawaida. Tazama kipande cha chuma kilicho nyuma ya mpini: kikiwa na vichongo vya msalaba, ni cha zamani, kikiwa na mistari ya kulala, ni kile kilichoimarishwa. Kwenye shabaha ya karatasi kasi ya ziada haikuongezei hata alama moja.

"Mafuta mengi, kutu hakuna."

Huu ndio uongo unaoharibu silaha nyingi zaidi katika ukanda wetu, kuanzia Kilwa hadi Msimbati. Chumvi haiyeyuki kwenye mafuta. Upepo wa bahari na jasho la mkono vinaiacha juu ya chuma. Ukipaka mafuta juu yake umeifunika tu, nayo inaendelea kuvuta unyevu chini kwa chini. Kwanza futa kwa kitambaa kilicholowa kidogo maji baridi yasiyo na chumvi, kausha kabisa, ndipo upake mafuta kidogo, kiasi cha kuacha utando usioonekana.

Fungua mpini wa mbao walau kila mwezi wakati wa mvua, Desemba hadi Aprili, kwa sababu jasho hujificha nyuma yake. Mafuta ya cherehani yanafaa. Mafuta ya nazi hayafai: huanza kuganda chini ya nyuzi 24 hivi. Usiihifadhi kwenye ala ya ngozi wala kwenye sponji. Vyote vinashika unyevu. Mchele ndani ya boksi unasaidia kidogo mno na kuacha vumbi. Tumia vifuko vya silika, vinavyonyonya unyevu, na uvibadilishe.

Ndani ya mtutu mambo ni tofauti. Nta ya risasi huacha utando unaosaidia, na ukisugua kila siku, risasi za mwanzo zinatawanyika. Chemba ndiyo inayotaka kusafishwa mara kwa mara. Ingiza fimbo kutoka nyuma, slaidi ikiwa imetolewa. Fimbo ikikwaruza mdomo wa mtutu, usahihi umekwenda.

"Ikipata kutu, piga msasa na upake rangi upya."

Msasa unaondoa rangi ya bluu-nyeusi ya kiwandani, unafuta maandishi, na thamani inaporomoka. Lowesha kutu kwa mafuta usiku mzima, kisha sugua taratibu kwa sufi laini ya chuma namba 0000, siyo stilwaya ya kusugulia sufuria.

"Ilikuwa ya baba, sasa ni yangu."

Leseni ni ya mtu na haihami pamoja na silaha. Chini ya Sheria ya Tanzania ya Udhibiti wa Silaha na Risasi ya 2015, mrithi anahitaji leseni yake mwenyewe. Mpaka aipate, bastola inakaa polisi, na ni vyema aikabidhi ikiwa imeshafutwa chumvi na kupakwa mafuta.